Fomalini Si Kifaa

Bakoba, Bukoba
3 Februari 2025

Mwanangu Renatha,

Pokea salamu za dukani. Barua hii namkabidhi Audax wa gari la kahawa, maana kila Jumatatu anapita hapo Buganguzi mbele ya kituo chenu cha afya, na ni mtu asiyeuliza uliza. Simu siwezi. Macho yangu hayaoni tena maandishi madogo, ujumbe wangu wote Rina ndiye anayenisomea, na hili sitaki alisome.

Nina uvimbe kwenye titi la kushoto. Hauumi. Niliugusa wakati wa Diwali nikasema ni uzee. Nikaugusa tena Krismasi, upo pale pale.

Najua utakachosema. Utasema, Mama, Rina binti yako anafanya kazi maabara ya hospitali, mwambie leo hii. Ndiyo sababu nakuandikia wewe. Nikienda hospitali ya hapa mjini, kabla sijakaa kwenye benchi atakuwa ameshaambiwa na watu watatu. Duka letu kila mtu analijua, na tangu mume wangu Mzee Jayesh afariki mimi ndiye niko kaunta. Rina alimuuguza shangazi yake Chetna miaka miwili, mpaka siku ya mwisho, na tangu hapo hajawa yule Rina unayemjua. Sasa wamempa ukatibu wa kamati inayochagua vifaa vya saratani kwa ajili ya hospitali na vituo vya serikali vya mkoa. Sitaki akae na wale madaktari huku akiwaza titi la mama yake. Kama si kitu, nitakuwa nimemwepusha na hofu ya bure. Kama ni kitu, nitamwambia mwenyewe.

Ulikaa kwetu miaka minne ukisoma sekondari, kwenye kile chumba nyuma ya stoo. Sijawahi kukuomba kitu. Leo naomba: nipime wewe, uandike namba badala ya jina, na usimwambie.

Ukijibu, andika herufi kubwa.

Mama yako,
Shanta


Buganguzi, Muleba
20 Februari 2025

Dada Rina,

Habari za Bukoba? Dereva wa sampuli anakuletea kisanduku cha Alhamisi kama kawaida: makopo manne, namba 11 mpaka 14. Nakuandikia barua pembeni kwa sababu ile nafasi ya "maelezo mengine" kwenye fomu yenu inatosha kuandika jina la mbuzi tu.

Nakuomba uangalie kwanza namba 14. Ni mama wa miaka 64, ana uvimbe titi la kushoto, mgumu, kama sentimita mbili, ngozi bado nzuri. Nilichukua vinyama vinne kwa sindano siku ya Jumatatu na vilitoka vizuri. Ila fomalini ya kuvihifadhia ilikuwa imeniishia kwenye namba 13. Mama mwenyewe ametoka mbali, nisingeweza kumrudisha mikono mitupu. Nimevihifadhi kwenye spiriti.

Nasikia kamati yenu inakaa tarehe 10 Aprili na orodha ina nafasi kumi na mbili tu. Ukiwa pale usitusahau sisi wa vituoni. Andika sindano za kuchukulia vinyama, andika makopo, andika fomalini. Najua vinaonekana vitu vidogo mbele ya mashine.

Msalimie Mama.

Mdogo wako,
Renatha


Bukoba
25 Februari 2025

Renatha mdogo wangu,

Spiriti gani? Nilipofungua kopo namba 14, Shamsa tunayefanya naye kazi hapa maabara aliuliza ni nani amekuja kazini amelewa. Nimezaliwa Bukoba. Enkonyagi naijua kwa pua. Hivi umesomea utabibu ili uweke nyama ya mgonjwa kwenye pombe kali ya ndizi?

Pombe ile haina nguvu ya kuhifadhi kitu. Ndani kote kumeoza. Hata hivyo nilikata, nikapaka rangi, nikatazama. Hakuna daktari atakayeweza kusoma kitu pale. Kopo nimelimwaga na fomu yako nimeirudisha na kalamu nyekundu: IMEHARIBIKA KWA UZEMBE. Usinione mkali, mtu mwingine yeyote ningemwandikia hivyo hivyo.

Kibaya zaidi umeniangusha mbele ya kamati. Vituo sita tulivyovifundisha kuchukua vinyama vimeshaharibu sampuli kumi na saba tangu Oktoba. Mwenyekiti wetu, Dkt. Anatory, anataka vituo viache kabisa kazi hiyo, wagonjwa wote waje mjini, na nafasi itakayobaki kwenye orodha tuipe mashine ya kupiga picha matiti. Mimi ndiye nilikuwa nawatetea. Jana alipolirudia hilo sikuwatetea.

Fomalini nimeifuta kwenye orodha mimi mwenyewe. Mwongozo unasema tuchague vifaa. Fomalini si kifaa, ni kemikali, nayo ina orodha yake kwenye ofisi nyingine. Na nikuambie ukweli, mashine ile naitaka. Shangazi Chetna alifika hospitali titi lishakuwa kidonda. Picha ingeuona ule uvimbe miaka kabla hajaugusa.

Mama anasema umemtupa. Wiki iliyopita alikwenda huko Muleba kumpa pole mjane wa mteja wetu wa zamani, akarudi amechoka hata chai hakugusa. Uzee huo. Ukipata nafasi njoo umwone.

Rina


Buganguzi
27 Februari 2025

Mama Shanta,

Naandika herufi kubwa kama ulivyotaka.

Vinyama vyako vimeharibika. Majibu hakuna. Kosa ni langu.

Dawa ya kuhifadhia ilikuwa imeisha na wewe umeshalala kitandani. Nilimtuma mtu kwa Mzee Kashaija, jirani na kituo, alete enkonyagi, ile inayotoka mwanzo kabisa kwenye mtambo, ambayo ukiiwashia kiberiti inawaka. Babu yangu aliweka nyoka kwenye chupa ya pombe ile na hakuoza miaka yote ya utoto wangu. Nikaona kama nyoka ameweza kukaa, kinyama kitakaa. Nilisoma chuoni kwamba si sawa, lakini siku hiyo nilimwamini babu.

Nimeambatanisha fomu iliyorudishwa ili uone sijakuficha kitu. Nakuomba urudi nichukue upya. Na nakuomba tena umwambie Rina. Ananiandikia kuhusu safari yako ya Muleba bila kujua anachoandika, nami namjibu kama mwongo. Ni dada yangu.

Samahani sana, Mama.

Renatha


Bakoba
6 Machi 2025

Mwanangu Renatha,

Ile fomu nyekundu nimeicheka mpaka mteja akasahau alichokuja kununua. Huo mwandiko naujua. Rina alipokuwa mdogo alinirudishia chapati ikiwa imeungua upande mmoja, akanionyesha na pale ilipoungua. Nimemlea mwenyewe, nimlaumu nani?

Baada ya kucheka nikakaa stoo kidogo. Sindano yako iliniumiza, Renatha. Nilivumilia kwa sababu nilijua ni mara moja. Naogopa. Kwako nasema wazi kwa sababu huku nyumbani siwezi kusema. Nikioga nageuza uso nisiguse upande ule.

Nitakuja baada ya Holi. Tumebaki familia chache mjini, nisipoonekana kwenye sherehe maswali yatakuwa mengi. Jumatatu ya tarehe 17 Audax atanileta. Uwe na hiyo dawa yako. Ukinionyesha tena chupa ya Mzee Kashaija nitainywa mwenyewe.

Rina kila jioni ananitandazia makaratasi ya kamati juu ya meza ya chakula. Juzi nikamuuliza, hivi fomalini ni nini? Akanitazama. Akasema, Mama, umeitoa wapi hiyo? Nikamwambia nimelisikia jina redioni. Akasema fomalini si kifaa. Nikamuuliza kifaa ni nini basi. Akasema ni kitu ambacho pasipo kuwa nacho mgonjwa hapati huduma. Halafu akairudia orodha yake na kalamu mkononi, mimi nikaendelea kuchambua mchele. Sikusema zaidi ya hapo, kwa hiyo usije ukanilaumu.

Kumwambia bado.

Mama yako,
Shanta


Buganguzi
20 Machi 2025

Dada Rina,

Kwenye kisanduku hiki kuna namba 31. Ni yule mama wa namba 14, amerudi. Safari hii imo fomalini halisi, nusu lita niliyoiombaomba kituo cha jirani kama mtu anayeomba chumvi.

Yote uliyoniandikia kuhusu enkonyagi ni kweli na nimekubali. Sasa nisikilize na mimi, waitu, dada yangu.

Namba 14 ilichukuliwa tarehe 17 Februari. Namba 31 imechukuliwa tarehe 17 Machi. Huyu mama amepoteza siku ishirini na nane, na mashine ya picha isingemrudishia hata moja. Uvimbe wake hatukushindwa kuuona, niliushika kwa vidole vyangu siku ya kwanza. Baada ya kuuona kilichohitajika ni sindano, kopo lenye fomalini, na wewe. Sindano ilikuwepo, wewe ulikuwepo. Mashine yako itatuonyesha uvimbe mwingi zaidi, halafu tutauweka kwenye nini?

Unasema vituo vimeharibu sampuli kumi na saba. Umewahi kukaa ukaangalia ni wiki zipi? Kila fomu ina tarehe. Chukua daftari la stoo lenye siku ambazo fomalini ilitumwa vituoni, uliweke pembeni ya nakala zenu za zile fomu nyekundu. Ukikuta ni uzembe wetu, nitakaa kimya na wagonjwa waje wote mjini. Lakini ujue wengi hawatakuja. Mtu wa huku akiambiwa aende Bukoba kupimwa titi, anarudi kwanza kwenye kibanja chake kumaliza kuvuna kahawa, na ukimwona tena ni mwaka umekatika.

Huyu mama akioga anageuza uso asiguse titi lile. Hajawaambia watoto wake.

Renatha


Bukoba
1 Aprili 2025

Renatha mdogo wangu,

Nianze na mgonjwa. Namba 31 ilifika katika hali nzuri kabisa. Nimekata mwenyewe, na daktari wa patholojia amesoma jana. Ni saratani. Daktari anasema kwa ukubwa ule, na kama kwapani hakuna tezi zilizovimba, anaweza kufanyiwa upasuaji na akawa na nafasi nzuri ya kupona. Kipande kingine kimetumwa Mwanza kupimwa ili wajue dawa itakayomfaa baadaye. Nimemwandalia barua ya rufaa, imo humu ndani, sehemu ya jina nimeiacha wazi uijaze wewe. Asikae zaidi ya wiki mbili.

Nimefanya ulichosema. Shamsa alinisomea tarehe, mimi nikaandika. Kati ya zile kumi na saba, kumi na nne zilichukuliwa katika wiki ambazo kituo husika hakikuwa na fomalini. Wengine walitumia maji ya chumvi, wengine waliweka makopo makavu. Nimeona aibu. Fomu zote kumi na saba zina mwandiko wangu, na kwenye zote nimeandika uzembe.

Nitaipeleka hesabu hii kwenye kamati tarehe 10. Naomba umwulize mama huyo kama naweza kutaja siku zake ishirini na nane. Jina silijui na silihitaji.

Umeniandikia kwamba hajawaambia watoto wake. Hilo neno limenikaa moyoni. Mwambie kwa niaba yangu kwamba namwelewa, Shangazi Chetna naye alituficha mwaka mzima ili asitusumbue. Tulipojua, kilichobaki ni kumwosha na kumgeuza. Nilimkasirikia na sikuweza kumwambia, kwa sababu alikuwa anakufa. Mwambie watoto wake hawatamshukuru kwa kuwanyima hofu hiyo. Ningekuwa mimi ndiye binti yake ningetaka kujua leo, hata kama niko kazini, hata kama nina kikao. Kazi itafanyika. Msomee maneno haya kama hawezi kusoma.

Mama hajambo, ila siku hizi anasahau chumvi kwenye mboga.

Rina


Buganguzi
4 Aprili 2025

Mama Shanta,

Nimejaribu mara tatu kukuandikia majibu nikashindwa. Nakutumia barua yenyewe aliyoniandikia Rina, yote, pamoja na ile ya rufaa. Hakukusudia uisome wewe, lakini ni yako. Maandishi yake ni madogo. Vaa miwani yako na ya marehemu Mzee juu yake, mwangani, usimpe mtu mwingine akusomee.

Ikifika Jumatatu ya tarehe 7 hujamwambia, Jumanne nakuja Bukoba na nitamwambia mimi. Nilikuahidi, na ahadi hiyo nitaivunja.

Nakupenda.

Renatha


Nyumbani, Bakoba
7 Aprili 2025

Rina mwanangu,

Barua hii naiweka kwenye mkoba wako wa chakula, juu ya chapati, kwa sababu nikikuambia mezani utaniuliza maswali kumi kabla sijamaliza kusema.

Ulimwandikia mgonjwa namba 31. Barua yako imemfikia. Ilimchukua jioni mbili kuisoma kwa sababu ya macho. Unasema ungekuwa binti yake ungetaka kujua, hata kama uko kazini.

Basi jua. Namba 31 ni mimi. Namba 14 pia nilikuwa mimi.

Siku ile niliyorudi Muleba sijanywa chai sikuwa nimekwenda kumpa mtu pole. Renatha usimseme vibaya. Alinisihi kila mara nikuambie, nami nilimfunga kwa ile miaka minne aliyokaa kwetu, jambo ambalo mtu hapaswi kumfanyia mtoto. Mimi sikuogopa utajua. Niliogopa uso wako, ule uliokuwa nao wakati wa Chetna. Nilitaka kuuona uso wako wa kawaida siku chache zaidi.

Leo duka nimelifunga. Nimekaa barazani. Kula kwanza, halafu uje.

Na hizo siku ishirini na nane nakuruhusu uzitaje.

Mama


Bukoba
12 Aprili 2025

Renatha,

"Mdogo wangu" sijaandika hapo juu kwa makusudi. Nimekasirika na nataka ujue nimekasirika. Miezi miwili uliniandikia "msalimie Mama" huku umemshika titi lake kwa mikono yako. Nilisoma barua yake nikiwa nimesimama kati ya mashine mbili, na Shamsa ndiye aliyenivutia kiti. Sikula.

Halafu nikakumbuka ni nani aliyemwaga lile kopo la kwanza. Kwa hiyo hasira yangu haina pa kwenda.

Kamati ilikaa juzi. Kabla hatujaanza nilimwambia Dkt. Anatory kwamba mmoja wa wagonjwa walio kwenye hesabu yangu ni mama yangu, na kama anaona nisiseme, nitatoka nje. Akasema kaa. Nikawasomea zile kumi na nne kati ya kumi na saba, tarehe moja moja, kituo kimoja kimoja. Nikawasomea na siku za namba 31, na nikasema neno uzembe niliandika mimi na ninalifuta. Mjumbe mmoja akaleta hoja yangu mwenyewe ya zamani, kwamba fomalini si kifaa, haiwezi kuingia. Nilikuwa nimejiandaa. Sindano, kopo lililokwishajazwa fomalini na lebo yake, vyote vinaingia kama seti moja ya kuchukulia kinyama. Seti ni kifaa. Mwongozo haukatazi. Walibishana mpaka chai ikapoa, lakini imepita, nayo imewekwa nafasi ya tatu. Vituo sita vinaendelea, na mwakani vitaongezwa.

Mashine ya picha imesogezwa orodha ya mwakani, ili kwanza tuwe na uwezo wa kupima kile itakachokiona. Nami niliunyosha mkono kukubali. Nilimwaza Shangazi Chetna nilipounyosha, na sijui kama nimemtendea haki. Huo ndio ukweli wangu, usinipongeze.

Mama amepangiwa upasuaji Mwanza tarehe 16. Tunaondoka Jumatatu asubuhi kwa basi, amekataa gari la kukodi, anasema kwenye basi atapata wa kuongea naye. Kwapani daktari hakukuta kitu. Ameanza tena kutia chumvi.

Jana tulikaa kuijaza fomu ya hospitali. Nilipofika kwenye ndugu wa karibu nikakuta ameshapajaza kwa zile herufi zake kubwa: Renatha, binti. Sikupafuta. Nimeandika jina langu chini ya lako, na herufi nimezifanya kubwa ili aweze kuzisoma.

Njoo Jumapili umuage.

Rina